Maisha ya John Bidwell, Mwasisi wa Mji wa Chico

Katika kurasa zilizotangulia tulieleza jinsi kiambishi -li- kinavyofungua simulizi na jinsi -ka- kinavyoisukuma mbele. Kanuni hiyo haionekani vizuri katika sentensi mojamoja. Huhitaji habari ndefu yenye mwanzo na mwisho. Kwa hiyo tumeandika hapa wasifu wa John Bidwell wa California, aliyekuwa mwalimu, askari, mkulima na mwanasiasa, na ambaye mji aliouasisi ungalipo hadi leo. Maneno yake hatukuyanukuu. Tumesimulia yote kwa usemi wa taarifa, na mwanafunzi atazame jinsi nyakati zinavyopokezana.

Bidwell alizaliwa tarehe 5 Agosti 1819 katika Wilaya ya Chautauqua, Jimbo la New York. Wazazi wake walikuwa watu wa kuhamahama. Wakahamia Pennsylvania, kisha Ohio. Alipokuwa na umri wa miaka 17 aliondoka nyumbani kwenda kusoma katika shule ya Kingsville, na haukupita muda mrefu akafanywa mkuu wa shule hiyohiyo. Mwaka 1839 alielekea magharibi hadi Missouri, akapata kazi ya kufundisha na kipande cha ardhi. Siku moja alirejea kutoka safarini, akakuta mtu mwingine amekwisha kujikita katika ardhi ile. Sheria haikumsaidia, kwa kuwa hakuwa ametimiza miaka 21. Lau angalikuwa na umri huo, huenda angalibaki Missouri akifundisha watoto kusoma na kuandika, nasi tusingalikuwa na habari ya kusimulia.

Wakati huo California ilikuwa nchi ya Meksiko, na habari zake zilisikika kwa uvumi tu. Bidwell akashiriki kuunda chama cha watu waliotaka kuhamia huko. Kwa hesabu yake mwenyewe waliojiandikisha walikuwa kama 500, lakini wafanyabiashara wa mjini waliwatisha, na siku ya kukutana ilipofika, katika wale wote alitokea yeye peke yake. Wengine waliokusanyika Mei 1841 walikuwa wageni wasiojuana. Hakuna hata mmoja aliyeijua njia. Walichojua ni kwamba California iko upande wa machweo. Walibahatika kufuatana na wamisionari waliokuwa na kiongozi mzoefu, Thomas Fitzpatrick, hadi walipofika Soda Springs, karibu na milima. Hapo msafara ukagawanyika. Takriban nusu yao walichagua njia ya Oregon iliyokuwa inajulikana. Kama watu 34 wakashikilia California. Miongoni mwao alikuwamo mwanamke mmoja tu, Nancy Kelsey, aliyembeba mtoto wake mchanga.

Hapa simulizi nyingi hupita haraka. Sisi hatupendi kupita haraka, kwa sababu ndipo tabia ya kijana huyu ilipojengeka. Walipoingia jangwani, maksai walidhoofika na magari yao yakashindwa kwenda. Wakayaacha. Wakapakia mizigo juu ya wanyama, kazi ambayo wengi wao hawakuwahi kuifanya, na mizigo ikawa inaanguka kila baada ya hatua chache. Chakula kilipokwisha wakachinja maksai mmoja baada ya mwingine, na maksai walipokwisha wakala nyumbu. Waliivuka milima ya Sierra Nevada kabla theluji haijaifunga, na tarehe 4 Novemba wakafika shambani kwa John Marsh, karibu na Mlima Diablo. Muda wote huo Bidwell alikuwa akiandika shajara, ambayo baadaye ilichapishwa na kuwaongoza wahamiaji wengine. Ualimu ulikuwa bado haujamtoka.

Huko California alimfanyia kazi John Sutter, mwenye ngome na mashamba makubwa katika Bonde la Sacramento, akimtunzia hesabu na kusimamia mali yake. Mwaka 1844 alipata uraia wa Meksiko. Vita vya Marekani na Meksiko vilipozuka mwaka 1846, alijiunga na upande wa Marekani, akatumika chini ya John C. Frémont, akapanda hadi cheo cha meja. Utaona kwamba raia wa Meksiko wa juzi alikuwa askari dhidi ya Meksiko leo. Waandishi wengine hulifunika jambo hilo. Sisi tunaliacha wazi kama lilivyo.

Dhahabu ilipogunduliwa katika kinu cha Sutter mwaka 1848, Bidwell hakukaa akitazama. Julai ya mwaka huo aliipata dhahabu yake mwenyewe katika Mto Feather, mahali palipoitwa Bidwell's Bar. Palikua mji, mji ukafifia, na leo pamefunikwa na maji ya bwawa la Oroville. Wachimbaji wengi walimaliza dhahabu yao katika pombe na kamari. Yeye alinunua ardhi. Kati ya 1849 na 1851 alilipata shamba la Rancho Arroyo Chico, lenye zaidi ya ekari 22,000, akapanda ngano na miti ya matunda ya kila aina. Mwaka 1878 ngano yake ilipewa medali ya dhahabu katika Maonyesho ya Paris.

Mwaka 1860 aliipima sehemu ya ardhi hiyo, akachora mitaa, akaasisi mji wa Chico. Jina hilo ni la Kihispania, na maana yake ni dogo. Mwalimu wa lugha atafurahi kujua kwamba katika mji huo ipo mitaa mitano inayofuatana, Chestnut, Hazel, Ivy, Cherry na Orange, ambayo herufi zake za kwanza zikiunganishwa hulitaja jina la mji.

Lakini ardhi ile haikuwa tupu. Ilikuwa makazi ya Wamechoopda, mojawapo ya jamii za wenyeji wa California. (Tunasema wenyeji kwa makusudi, jina la Wahindi Wekundu lililozoeleka katika vitabu vyetu vya zamani walibandikwa na wageni.) Bidwell aliwaajiri, akawaacha waishi karibu na nyumba yake, na mara kadhaa akawakinga na walowezi waliotaka kuwaua. Mwaka 1850 alitayarisha rasimu ya sheria iliyowapa wenyeji haki kadhaa. Rasimu hiyo haikupita, ikapita nyingine kali, iliyoruhusu watoto wao wafungwe katika utumishi. Hata hivyo, utajiri wake ulitokana na jasho lao kwa ujira mdogo, juu ya ardhi iliyokuwa yao. Na mwaka 1863 wanajeshi walipowakusanya wenyeji wengine 461 hapo Chico na kuwaswaga kwa miguu hadi Round Valley, waliofika walikuwa 277. Wamechoopda wa shambani kwake walibaki. Anayemwita mlinzi wao hasemi uongo, na anayemwita mnufaika wa dhuluma pia hasemi uongo.

Mwaka huohuo wa 1863 alifanywa brigedia jenerali wa wanamgambo wa California, na tangu hapo watu wakamwita Jenerali Bidwell. Katika siasa alihama kutoka Chama cha Demokrasia akawaunga mkono wafuasi wa Lincoln, akachaguliwa kuingia Baraza la Wawakilishi mjini Washington, 1865 hadi 1867, akaongoza kamati ya kilimo. Aligombea ugavana mwaka 1875 na tena 1890, asishinde. Mwaka 1892 aligombea urais kwa tiketi ya chama kilichotaka pombe ipigwe marufuku, akapata kura zaidi ya 260,000, ambazo ni kama mbili tu katika kila mia.

Washington ndiko alikokutana na Annie Kennedy, mcha Mungu, mpinzani wa pombe na mtetezi wa kura za wanawake. Walioana Aprili 1868. Bidwell alikuwa amekwisha kuamuru mizabibu ya divai ing'olewe shambani kwake, ikabaki ile ya zabibu za kula.

Mwaka 1887 Jimbo la California lilipotafuta mahali pa kujenga chuo kipya cha ualimu, Bidwell alitoa ekari 8 za bustani yake ya micheri. Chuo kikajengwa, na leo ni chuo kikuu. Aliyewahi kunyang'anywa ardhi akiwa mwalimu kijana, uzeeni aliwapa ardhi walimu.

Alifariki tarehe 4 Aprili 1900, akiwa na miaka 80, alipokuwa akikata mti shambani. Annie aliishi miaka 18 zaidi. Mwaka 1905 aliwapa wakazi wa Chico msitu mkubwa ulioko kando ya kijito, nao ukawa bustani ya umma. Kijiji cha Wamechoopda aliwawekea wenyewe. Baadaye serikali ya Marekani ilifuta utambuzi wa kabila hilo, na ilipofika mwaka 1992 ikaurudisha.