Abraham Lincoln, Mjumbe wa Watu wa Mashamba

Wengi wamjua Abraham Lincoln kwa uraisi wa Marekani. Wachache wajua kwamba kwanza alikuwa mjumbe wa watu wa mashamba katika Baraza la Kutunga Sheria la jimbo la Illinois.

Alizaliwa mwaka 1809 huko Kentucky, na masomo yake ya shule, yote pamoja, hayakutimia mwaka mmoja. Katika kijiji cha New Salem alifungua duka kwa shirika, likafilisika. Mshirika wake alipokufa mwaka 1835, deni lote alilibeba yeye, akalilipa kwa miaka mingi.

Mwaka 1832 aligombea ujumbe akashindwa. Mwaka 1834 alichaguliwa, kisha akarejeshwa mara tatu. Kukosea alikosea: aliunga mkono mpango wa mwaka 1837 wa reli na mifereji, ukalitia jimbo katika deni zito. Lakini mwaka huo huo, Baraza lilipowalaumu wapinga utumwa kwa kura nyingi mno, yeye na Dan Stone, wawili tu, walitia saini waraka kwamba utumwa ni dhulma, ijapokuwa wapingaji wenyewe nao hawakuwasifu.

Basi tuzingatie: aliyelibeba deni la shirika peke yake ndiye aliyethubutu kusimama na mwenziwe mmoja mbele ya Baraza zima.