Irna Phillips: Mtunzi na Miliki ya Kazi Yake

Watazamaji wa tamthilia za runinga za mfululizo aghalabu huwajua waigizaji kwa majina, ilhali mtunzi hawamjui. Makala haya yanamwangazia Irna Phillips, Mmarekani aliyekuwa miongoni mwa waasisi wa utanzu huu, na mvutano uliotawala maisha yake kuhusu nani hasa mwenye kazi ya sanaa.

Phillips alizaliwa jijini Chicago mwaka 1901, akiwa kitinda mimba katika familia ya Kiyahudi yenye watoto kumi. Alifundisha kwa muda huko Dayton, jimbo la Ohio, kisha akarejea Chicago na kuingia redioni. Mnamo 1930 alianza kukitungia kituo cha WGN mchezo wa kila siku ulioitwa Painted Dreams, kuhusu mjane na familia yake. Fauka ya kuutunga, yeye mwenyewe aliigiza sauti ya mjane huyo. Michezo ya aina hii ililengwa kina mama waliokuwa nyumbani mchana, na kwa kuwa wadhamini wake wakuu walikuwa watengenezaji wa sabuni, ikapewa jina la sabuni.

Phillips alipotaka kuupeleka mchezo wake kwenye mtandao wa redio wa kitaifa, kituo kilikataa kikidai kuwa mchezo ni mali yake. Aliondoka, akakishtaki, na akaanzisha katika kituo kingine Today's Children, mchezo uliofanana mno na ule wa kwanza. Kesi iliendelea hadi mwaka 1940, na mahakama ya rufani ya Illinois ikampa WGN ushindi. Hata hivyo, funzo alikuwa amekwisha kulipata: kazi zilizofuata alihakikisha kwamba miliki inabaki mikononi mwake.

Mwaka 1937 alibuni The Guiding Light, uliohamia runinga mwaka 1952 na kudumu hadi 2009. Utunzi wake ulikuwa wa kinywa zaidi kuliko wa kalamu: aliigiza kila mhusika kwa sauti yake, naye katibu akinakili. Alipendelea mwendo wa taratibu na mazungumzo ya jikoni, akiamini kwamba msikilizaji huvutwa na maisha ya wahusika kuliko vituko. Mwaka 1956, tamthilia za runinga zilipokuwa za dakika 15, alizindua As the World Turns ya dakika 30. Wengi walishuku, lakini baada ya muda ikaongoza.

Tamthilia hiyo, hata hivyo, ilikuwa mali ya kampuni ya sabuni ya Procter & Gamble. Idadi ya watazamaji ilipopungua, Phillips aliachishwa kazi mwaka 1973, akafariki Desemba mwaka uo huo. Mwanafunzi wake, William J. Bell, alishirikiana na mkewe kubuni The Bold and the Beautiful, ambayo ilitazamwa hata nchini Kenya.

Maisha haya yana mafunzo kwa wanafunzi wa fasihi wanaonuia kuiandikia runinga kwa Kiswahili. Kipawa kilimpa Phillips umaarufu, lakini mkataba ndio ulioamua nani atamfukuza nani. Mtunzi asiyeusoma mkataba wake kwa makini kama anavyousoma mswada wake huenda akajikuta mgeni katika nyumba aliyoijenga mwenyewe.