UMAR BIN AL-KHATTAB NA AMANA YA KAZI

Wengi katika sisi hulalamika, na mara nyingi kwa haki, kuwa kazi za serikali hutolewa kwa kabila na kwa kujuana. Lakini mlalamikaji huyo huyo, siku jamaa yake apatapo cheo, hutaraji mwanawe atangulizwe mbele ya wana wa wenziwe. Kwa ajili ya maradhi haya tumeona tukumbushane sira ya Sayyidna Umar bin Al-Khattab (R.A.), katika upande huu mmoja wa kuchagua watumishi wa dola.

Bwana Umar alizaliwa Makka katika ukoo wa Bani Adi, na alishika ukhalifa mwaka 13 wa Hijra (634), baada ya Sayyidna Abubakar (R.A.). Katika miaka 10 ya utawala wake Shamu, Iraki na Misri ziliingia katika dola, zikahitaji maliwali, makadhi na watunza hazina. Lau angalitaka kuzijaza nafasi hizo jamaa zake, njia ilikuwa wazi.

Naye hakufanya hivyo. Liwali aliandikwa mali zake siku ya kupewa kazi, ili ijulikane alichokizidisha akiwa kazini. Watu wa Kufa walipomshitaki liwali wao Saad bin Abi Waqqas, sahaba mkubwa na jemadari wa Qadisiyya, Bwana Umar hakuyatupa mashitaka kwa ajili ya ukubwa wa mshitakiwa. Alimpeleka Muhammad bin Maslama akaulize msikiti hata msikiti. Saad hakuthibitikiwa na hiana, walakini aliondolewa ili raia watulie. Baadaye alitawazwa huko Ammar bin Yasir, ambaye mamake, Sumayya, alikuwa mjakazi. Unyonge wa asili haukumzuia kupata. Na ilipoonekana kuwa mambo ya utawala hayawezi vyema, naye pia aliondolewa. Ucha Mungu wake haukumbakisha. Twajifunza hapa kuwa kazi yataka uaminifu na uwezo pamoja.

Safari moja, Nafi bin Abdilharith, liwali wa Makka, alikutana na Bwana Umar huko Usfan. Aliulizwa ni nani aliyemwachia mji, akamtaja Ibn Abza, mtu aliyekuwa mtumwa kisha akaachwa huru. Bwana Umar alistaajabu. Alipoelezwa kuwa mtu huyo ni msomi wa Kitabu na mjuzi wa elimu ya mirathi, aliridhika, akakumbuka mafunzo ya Mtume (S.A.W.) kuwa Kitabu hiki huwainua watu na wengine huwashusha. Basi huko Makka, mji wa Makureshi wenye kujifakhiri kwa nasaba, elimu iliishinda nasaba.

Na jamaa zake je? Qudama bin Madhun, ndugu wa mkewe na mmoja wa watu wa Badr, alikuwa liwali wa Bahrein. Iliposhuhudiwa kuwa amekunywa ulevi, alipigwa na kuondolewa kazini, na ujamaa haukumwokoa.

Mwisho wa mwaka 23 (644) Bwana Umar alichomwa jambia akisalisha alfajiri. Kabla ya kufa aliwateua watu 6 ili wamchague khalifa miongoni mwao. Said bin Zaid, mume wa dadake na mmoja wa wale 10 waliobashiriwa Pepo, hakutiwa. Mwanawe Abdullah aliruhusiwa kuhudhuria shauri, lakini hakupewa fungu lolote katika ukhalifa.

Ndugu zetu, Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 yaamrisha kazi za umma zitolewe kwa ushindani wa haki na kwa ustahiki, na wanaume, wanawake, watu wa makabila yote na wenye ulemavu wapate nafasi sawa. Amri hiyo ni njema, lakini wa kuitekeleza ni yule aketiye kwenye baraza la kuchagua, naye huenda akawa mmoja wetu. Likifika mbele yake jina la mpwawe na jina la mgeni aliye bora zaidi, na amkumbuke Abdullah bin Umar. Na sisi tulio nje, tusimwendee usiku kumwombea mtoto wetu, kisha mchana tukalia kuwa tumedhulumiwa.

Mwenyezi Mungu atuwafikishe kuzitimiza amana. Amin.