Madame d'Aulnoy: Aliyemshikisha Cinderella Shoka

Muhula uliopita chumbani kwetu hosteli palizuka ubishi. Mwenzetu mmoja alikuwa anasoma kwenye simu Cinderella Is Dead, riwaya ya fantasia ya Kalynn Bayron iliyotoka mwaka 2020. Humo wasichana wa ufalme mzima wanalazimishwa kwenda kwenye dansi ya mfalme ili wanaume wawachague. Mwingine, anayesoma Fasihi, akasema vitabu vya namna hiyo vinaharibu ngano za kale. Eti Cinderella wa asili alikuwa mpole, anavumilia, anasubiri, halafu ufeministi wa siku hizi umekuja kumharibu. Mimi nilinyamaza. Sikuwa na jibu, na pia kulikuwa na jambo lingine lililokuwa linanisuta, nitalisema baadaye.

Jibu nimelipata kwa mwanamke wa Ufaransa aliyekufa mwaka 1705.

Anaitwa Marie-Catherine Le Jumel de Barneville, ila vitabu vinamjua kama Madame d'Aulnoy. Alizaliwa Normandy, katikati ya karne ya 17, kwenye ukoo wa makabaila. Mwaka 1666, akiwa na miaka kama 15, aliozwa kwa François de la Motte, Baroni d'Aulnoy, mwanamume aliyemzidi kwa miaka 30 hivi. Huyu bwana hakuzaliwa kabaila. Alikuwa mtumishi kwenye nyumba ya mkubwa mmoja, akapata fedha, akanunua ardhi na cheo. Binti hakuulizwa. Ufaransa ya Kikatoliki wakati ule haikuwa na talaka. Ukishaolewa umeolewa, labda mmoja wenu afe.

Tusimcheke Mfaransa haraka. Sheria yetu ya Ndoa ya mwaka 1971 iliruhusu msichana wa miaka 15 kuolewa kwa ridhaa ya mzazi. Mahakama Kuu ilikuja kusema mwaka 2016 kwamba kifungu hicho kinakiuka Katiba, na Mahakama ya Rufani ikaunga mkono mwaka 2019. Yaani wengi wetu tunaosoma gazeti hili tulikuwa tayari tumezaliwa.

Ndoa ile haikuwa na amani. Mwaka 1669 likatokea jambo ambalo waandishi wengi wanaompenda hulipitia juu juu. Baroni alishtakiwa kwa uhaini, kwamba amemtukana mfalme Louis wa 14. Kosa hilo adhabu yake ilikuwa kifo. Akatiwa gerezani Bastille. Uchunguzi ulipofanyika, ikaonekana mashtaka yametungwa, na waliotajwa kwenye njama ni mama mzazi wa Marie-Catherine na mabwana wawili waliokuwa karibu na mama na binti. Baroni akaachiwa. Mabwana wale wawili wakauawa na dola. Mama akakimbia nchi. Kuhusu binti mwenyewe, wanahistoria mpaka leo wanabishana alishiriki kiasi gani.

Nilipofika hapo nilitaka kufunga kitabu. Nilikuwa natafuta shujaa wa kumpeleka chumbani nikashinde ubishi, nikakutana na njama na maiti mbili. Lakini nikajiuliza: msichana asiye na mlango wa kutokea, akitoboa ukuta, vumbi litamwangukia nani? Simtetei. Watu wawili walikufa, na hilo halifutiki kwa kuwa baadaye aliandika vizuri. Ninachosema ni kwamba mtu huyu alijua kwa mwili wake ndoa ya kulazimishwa ni kitu gani, na alijua pia inaweza kumfikisha mtu wapi.

Kwa miaka karibu 20 hasikiki sana. Mwaka 1690 akaibuka Paris akiwa mwandishi. Kwenye riwaya yake ya kwanza, kuhusu Hypolite, mwana wa kabaila, aliingiza ngano moja ya kisiwa cha furaha. Wataalamu wanaihesabu hiyo kuwa ngano ya kwanza ya kifasihi ya aina ile kuchapishwa kwa Kifaransa. Mwaka uliofuata akatoa kitabu cha safari ya Hispania kilichosomwa sana Ulaya. Nyumbani kwake akafungua sebule yake kwa wasomi na mabibi wa mjini. Wakikaa pale walikuwa wanapokezana hadithi, kama sisi kwa bibi jioni, ila hawa walikuwa watu wazima na walikuwa wanashindana kwa ufundi wa maneno. Chini ya mfalme asiyependa kukosolewa, hadithi ya malkia, paka na vichimbakazi ilikuwa njia ya kusema usiyoweza kuyasema waziwazi.

Mwaka 1697 akachapisha mkusanyiko aliouita Les Contes des fées, yaani ngano za vichimbakazi, wale viumbe wa kike wenye uwezo wa ajabu. Jina hilo ndilo lililoipa aina yote ya hadithi hizi jina lake, Kifaransa na hata Kiingereza. Mwaka huohuo Charles Perrault akatoa kitabu chake chembamba chenye Cinderella wa kiatu cha kioo. Huyo ndiye tunayemjua, kwa sababu filamu ya Disney ya mwaka 1950 ilimfuata yeye.

Sasa sikiliza Cinderella wa Madame d'Aulnoy. Anaitwa Finette Cendron. Wazazi wake ni mfalme na malkia waliopoteza ufalme, wakafilisika, wakaamua kuwatelekeza binti zao watatu. Wasichana wanaangukia kwenye nyumba ya mazimwi wala watu. Finette anamsukumia zimwi dume kwenye tanuri. Zimwi jike anamwambia akae atengenezwe nywele, na wakati wa kumsuka anachukua shoka na kumkata kichwa. Baadaye ndiyo inakuja dansi, na kiatu kinachopotea ni cha mahameli nyekundu kilichotariziwa lulu. Hasubiri kuletewa kiatu nyumbani. Anapanda farasi mwenyewe kwenda ikulu, na njiani anawapita dada zake waliomtesa, farasi anawarushia matope.

Mwana wa mfalme anataka ndoa palepale. Finette anakataa kwanza. Anataka wamsikilize historia yake, na inajulikana kuwa hao wakwe ndio waliouteka ufalme wa wazazi wake. Basi sharti lake ni moja: ufalme urudishwe, ndipo aolewe. Ukarudishwa.

Na si huyo tu. Yupo Belle-Belle, binti wa kabaila fukara, anayevaa mavazi ya kiume kwenda vitani badala ya baba yake mzee. Yupo Paka Mweupe, ambaye mwishoni anageuka kuwa malkia mwenye falme sita, na anapofika kwa baba mkwe ndiye anayegawa: moja kwa mzee, moja moja kwa shemeji zake wawili, tatu zinabaki kwake na mumewe.

Kwa hiyo yule wa Fasihi alikosea tarehe. Cinderella mwenye shoka na Cinderella mpole walitoka mwaka mmoja, mji mmoja. Huyu wa leo kwenye riwaya za vijana hajavamia ngano, amerudi nyumbani. Kinachohitaji maelezo ni kwanini tulibakiwa na mmoja tu. Katika wimbi lile la miaka ya 1690 ngano nyingi zaidi ziliandikwa na wanawake. Lakini Perrault alikuwa mjumbe wa Académie française, ambayo haikumchagua mwanamke hata mmoja mpaka mwaka 1980. Madame d'Aulnoy alipokelewa na chuo cha wasomi cha Padua, Italia, kwao hapana. Baadaye ngano zikahamia vitabu vya watoto na madarasani. Perrault ni mfupi na binti yake ana adabu. D'Aulnoy ni mrefu na binti zake wanajadiliana bei. Walimu wakachagua.

Hapo kwenye walimu ndipo ninaposutwa. Mwaka jana kwenye mazoezi ya kufundisha niliwasimulia kidato cha pili hadithi ya Cinderella, nikawapa kazi waiandike upya kwa maneno yao. Msichana mmoja wa viti vya nyuma aliandika kwamba Cinderella alimwambia mwana wa mfalme haendi ikulu mpaka nyumba ya marehemu baba yake, iliyochukuliwa na mama wa kambo, irudi kwa jina lake. Nilimpa 4 kati ya 10. Nikaandika kwa kalamu nyekundu kwamba ametoka nje ya hadithi. Alichukua daftari lake, akaliangalia, akalifunga. Hakunyoosha mkono tena mpaka wiki zangu zikaisha.

Hakuwahi kumsikia Finette. Mimi pia nilikuwa sijawahi. Lakini mtoto yule, kwa akili yake na labda kwa yaliyoko nyumbani kwao, alifika mahali palepale alipofika bibi wa Paris miaka zaidi ya 300 iliyopita. Hakutoka nje ya hadithi. Mimi ndiye niliyekuwa najua hadithi nusu.

Madame d'Aulnoy alifariki Paris Januari 1705. Mume wake alikuwa ametangulia mwaka 1700, kwa hiyo miaka yake ya mwisho alikuwa hana wa kumdai utii. Simwiti mtakatifu. Ila tunaojiandaa kushika chaki tumdai jambo moja: kabla hujamkata mwanafunzi alama kwa sababu binti wa kwenye hadithi yake ameuliza mali yake iko wapi, kagua kwanza kama hadithi unayoifundisha ndiyo pekee iliyowahi kuandikwa.

Mwaka huu naenda tena mazoezi. Nimeomba shule ileile. Yule binti atakuwa kidato cha tatu, na nina alama sita za kumrudishia.