Tsuchimoto na Watu wa Minamata

Nyinyi wenzangu mnaobeba kamera kwenye kila mgomo, mjueni huyu: Noriaki Tsuchimoto, Mjapani, aliyezaliwa mwaka 1928. Alisoma Waseda, akawa kiongozi wa harakati za wanafunzi, chuo kikamfukuza. Basi, akaangukia kwenye filamu.

Mwaka 1965 alifika Minamata, mji ambao kiwanda cha Chisso kilikuwa kinamwaga zebaki baharini. Watu walikula samaki, wakaanza kutetemeka, kushindwa kuona na kusema, wengine wakafa. Watoto walizaliwa na sumu tayari mwilini. Tsuchimoto akaelekeza kamera kwa mtoto mgonjwa bila kuomba ruhusa. Mama mmoja akamfokea. Jamaa aliaibika mno, hakurudi hadi 1970. (Sisi, tuseme ukweli, tungerusha video kwanza.)

Aliporudi alikaa nao, akawapiga picha wakivua pweza na kulea watoto, siyo wakilia tu. Novemba mwaka huo wagonjwa walinunua hisa mojamoja za kampuni ili waingie mkutano wa wanahisa kule Osaka. Wakapanda jukwaani, wakamkabili mkuu wa kampuni uso kwa uso, kamera ikiwapo. Filamu ilitoka 1971.

Angeishia hapo na sifa zake. Wapi! Mwaka 1977 alizunguka vijiji vya Bahari ya Shiranui akiwaonyesha wavuvi filamu zake, maana wengi walikuwa hawajui kama nao wameathirika. Na miaka ya 1990, akiwa mzee, alipita nyumba kwa nyumba akikusanya picha za waliokufa. Safari hii aliomba kwanza.