Bibi Siti binti Saad na Spika Ndogo

Naomba kuwasimulia habari za mwimbaji niliyemdharau kwa makosa. Jioni moja ya baridi hapa Tandala nilisikia wimbo wa Siti binti Saad katika redio ndogo. Sauti ilikuwa kama nyuki ndani ya kopo. Nikawaambia wenzangu kwamba wazee walimsifu kupita kiasi.

Siti alizaliwa Fumba, Unguja, yapata mwaka 1880, akaitwa Mtumwa. Wazazi wake walikuwa maskini, naye hakupata kusoma shuleni. Alitembeza vyungu akivinadi njiani, na kwa kunadi huko watu wakaijua sauti yake. Mwaka 1911 alihamia mjini. Huko Ali Muhsin alimfunza kuimba, akajiunga na wapigaji wa taarabu. Watu wakampa jina la Siti, yaani bibi wa heshima. Taarabu ilikuwa ikiimbwa kwa Kiarabu mbele ya wakubwa. Yeye aliiimba kwa Kiswahili, na wanyonge wakasikia mambo yao. Mwaka 1928 alikwenda Bombay, Bara Hindi, pamoja na wenzake, nyimbo zao zikatiwa katika sahani za santuri. Alifariki mwaka 1950.

Mwalimu wetu wa fizikia ndiye aliyenisahihisha. Sikio la kijana husikia mitetemo tangu 20 hata 20,000 kwa sekunde, lakini spika haitoi yote kwa nguvu sawa. Spika ndogo haisukumi hewa ya kutosha kwa sauti nene; kwa hiyo chini ya mitetemo 200 hivi nguvu yake hupungua sana. Ndiyo sababu nyuzi nene za udi zilipotea, na sauti ya Siti ikakosa kifua.

Kesho yake tuliupiga wimbo ule ule kwa spika kubwa ya bwalo. Udi ukasikika, na Siti akaimba kama mtu aliye karibu nasi. Hata hivyo si yote yaliyorudi. Mashine za wakati ule zilinasa takriban mitetemo 100 hadi 5,000 tu, na kisichonaswa hakuna spika iwezayo kukirudisha.

Basi, wenzangu, kabla ya kumhukumu mwimbaji tukipime kwanza chombo kilichotuletea sauti yake. Nami namwomba radhi Bibi Siti.