Bwana Franz Boas, Mpima Vichwa

Katika elimu ya viumbe tunafundishwa kwamba mtoto hurithi umbo lake kwa wazazi. Napenda kuwasimulia habari za mtu aliyetumia maisha yake kuuliza urithi huo unakoma wapi, na malezi yanaanzia wapi.

Franz Boas alizaliwa tarehe 9 Julai 1858 mjini Minden, Ujerumani, katika nyumba ya Wayahudi. Alipokuwa chuoni alipata makovu usoni kwa kupigana kwa panga, kama ilivyokuwa desturi ya wanafunzi wa Kijerumani siku zile. Mwaka 1881 alipewa udaktari huko Kiel kwa kuchunguza rangi ya maji. Maji, si watu!

Hata mwaka 1883 akasafiri mpaka kisiwa cha Baffin, kaskazini ya Kanada, ili achore ramani. Akakaa na Wainuit, ambao zamani waliitwa Waeskimo. Alivaa ngozi kama wao, akala nyama mbichi ya sili, akalala katika nyumba zao za theluji. Katika baridi ile elimu yake ya chuo isingalimfaa kitu bila maarifa yao. Aliwaona wakigawana chakula wakati wa shida, akaanza kuwatilia shaka Wazungu wenzake waliojiita wastaarabu.

Baadaye alihamia Marekani, na mwaka 1899 akawa profesa wa Columbia University, New York.

Wakati huo wataalamu wengi walisadiki kwamba umbo la kichwa halibadiliki, kwamba kila taifa lina kichwa chake, na akili hufuata kichwa. Basi tangu mwaka 1908 Boas na wasaidizi wake, kwa kazi ya serikali ya Marekani, waliwapima wahamiaji na watoto wao, jumla yao karibu watu 18,000. Walipima upana wa kichwa na urefu wake kutoka mbele hadi nyuma, kisha wakalinganisha. Ikaonekana kwamba watoto wa Wayahudi wa Ulaya ya Mashariki waliozaliwa Marekani walikuwa na vichwa virefu kidogo kuliko ndugu zao waliozaliwa ng'ambo. Na watoto wa Wasisilia walikuwa na vichwa vya mviringo zaidi. Damu ni ile ile, nchi ndiyo iliyobadilika. Hesabu hizo zilipigwa upya miaka ya 2002 na 2003. Wengine wakasema mabadiliko ni madogo mno, wengine wakamtetea. Mimi naona hata badiliko dogo linatosha kulivunja neno lile "halibadiliki".

Kabla ya hapo, mwaka 1906, Bwana W.E.B. Du Bois alimwalika Atlanta aseme na vijana weusi waliomaliza masomo. Aliwaeleza juu ya Waafrika waliofua chuma, wakajenga falme na masoko makubwa. (Sisi wa Uganda tunawajua wahunzi wa Bunyoro, lakini vijana wale walikuwa hawajaambiwa neno.) Du Bois mwenyewe alistaajabu.

Mwaka 1933 Wanazi walivichoma vitabu vyake. Yeye hakunyamaza. Tarehe 21 Desemba 1942, akila chakula cha mchana pamoja na wataalamu wenzake huko Columbia, alianguka mezani akafa.

Lakini kuna jambo lililonisumbua, wala sikupenda kulificha. Mwaka 1897 Boas alikuwa akifanya kazi katika jumba la makumbusho la New York. Alimwomba msafiri Robert Peary amletee Mwinuit mmoja wa kuchunguzwa. Peary akaleta sita kutoka Greenland. Wanne wakafa kwa magonjwa ya kifua, wa kwanza wao Qisuk. Mwanawe Minik, mtoto mdogo, alitaka baba yake azikwe kwa desturi ya kwao. Wakubwa wa jumba wakafunika gogo, wakalizika mbele ya mtoto, na mifupa wakaiweka ndani. Boas alilijua jambo hili akalikubali. Mtu yule yule aliyekula na Wainuit nyumbani mwao!

Minik alipokua akaupata ukweli, akaidai mifupa ya baba yake, asipewe. Alikufa Marekani mwaka 1918, akazikwa huko New Hampshire. Qisuk na wenzake watatu walirudishwa Greenland mwaka 1993, wakazikwa Qaanaaq.